Ukuta Kati ya Wifi na Baba

Nikishuka Murongo siku ya soko, waendesha bodaboda huniita "Anauliza!" Wanaliita kwa kulivuta, kuanzia stendi yao mpaka kule kwenye geti la forodha, na akina mama wanaovuka kutoka Uganda na maboksi yao kichwani wanageuka kunitazama. Mwanzoni nilinuna. Mimi ni fundi cherehani, nimeshona sare za kwaya na magauni ya maharusi kupita mtu yeyote kwetu Nyakasimbi, halafu nije kujulikana kwa neno moja, tena lisilo langu! Siku hizi naitika. Neno lenyewe nililipata kwa wifi yangu, na mambo yaliyotoka kwa wifi nimejifunza kuyapokea kwa mikono miwili.

Wifi yangu, mke wa kaka yangu, ni mwandishi. Ameandika vitabu vya mambo ya kweli, si hadithi za kubuni, na ana kipindi chake cha mtandaoni, podikasti, ambacho watu wa kwetu wanakiita redio ya simu. Kinasikilizwa na madereva wa malori ya kahawa, na manesi wa zamu, na watoto wetu walioko Dar es Salaam wanaojidai wamesahau Kinyambo. Nimeona kwa macho yangu mwanamke ameacha ndizi zishike chini ya sufuria kwa sababu kipindi hakijaisha. Wanaomsifu ni wengi, na wengi wao hawajamwona. Mimi namsifu kwa kuwa nimemenya naye ndizi miaka yote hiyo na najua kila sifa aliipataje.

Aliingia kwetu kwa shida. Wazazi wake wana asili ya Rwanda, na walikuwa vibarua kule Kanoni, wakichuma kahawa na kupalilia migomba ya watu. Baba yangu ni mzee wa kanisa, Mlutheri wa benchi la mbele. Alipoletewa habari za uchumba alisema mbele ya kikao cha ukoo, "Hao ni watu wasio na kaburi hapa." Kwetu hilo si neno dogo. Mtu huzikwa kwenye kibanja chake, katikati ya migomba yake, na wajukuu wakiulizwa ni wa wapi huonyesha kaburi. Ukisema mtu hana kaburi, umesema anapita tu. Kaka alioa hivyo hivyo, maana ukaidi wa baba alikuwa ameurithi wote. Lakini neno lilishasemwa, na lilimfikia wifi kabla hajafungasha sanduku.

Juu ya hilo kuna mila. Kwa jadi yetu mkamwana na baba mkwe hawazoeani. Hawali pamoja, hawapeani mikono, hawakai wakitazamana, na mkamwana hampandishii baba mkwe sauti hata nyumba ikiungua. Nyumba nyingi siku hizi zimeiacha mila hiyo. Utamkuta mkamwana anamwambia mzee asogeze miguu apishe ufagio. Baba hakuiacha. Wifi akipita uani, baba aligeuzia uso migomba. Akitaka maji alituambia sisi. Wifi alipiga magoti nje ya mlango kila asubuhi akasema shikamoo, na baba akaitikia kwa kukohoa. Wajukuu wakazaliwa, wakaanza shule, na baba hakuwahi kumwelekezea mama yao neno hata moja.

Mimi wakati huo nilikuwa nimeshaachana na ndoa yangu na kurudi nyumbani na cherehani yangu. Siku moja tukiwa jikoni wifi aliniuliza bila kuinua macho, "Wifi, hivi mzee ananiheshimu au ananikataa?"

Nilifungua mdomo nimjibu, nikaona sina jibu. Mila ile ile iliweza kubeba yote mawili, na baba hakuwa mtu wa kufafanua. Hapo nikajua kinachomla. Kukataliwa angekuvumilia, si amezoea kuambiwa kuku mgeni hakosi kamba mguuni? Kutojua ndiko kulikomkosesha raha, na nilimwonea uchungu kweli.

Mwingine angelia au angemchongea mzee kwa mumewe. Yeye alibeba kalamu. Alikuwa mwalimu wa sekondari ya kata, na kila Jumamosi alitoka na chupa ya chai kwenye kikapu, akizunguka nyumba za Karagwe, na baadaye za Kyerwa, akiuliza swali moja tu: "Nyinyi hapa mlitokea wapi?" Kitabu chake cha kwanza kilizaliwa humo. Kinaanza na kaburi la bibi yake kule Kanoni, ndani ya shamba la kahawa la mtu mwingine, ambako mwenye shamba kila msimu hupanda maharage kulizunguka bila kugusa kile kituta. Halafu zinafuata nyumba nyingine, moja baada ya moja. Hawa walivuka mto wakikimbia njaa, wale walifuata malisho, wengine walimkimbia shemeji mkorofi. Ukimaliza kukisoma unagundua kwamba hakuna aliyeota hapa kama uyoga.

Yaani lile neno la baba alilichukua, akaligeuza, akalifanya kazi. Mimi ningelifanya ugomvi, na najisema mwenyewe.

Kitabu kilichapwa Bukoba kwa karatasi nyepesi, kikauzwa nje ya makanisa, Walutheri baada ya ibada na Wakatoliki baada ya misa. Mtu alinunua aone kama nyumba yake imetajwa, kisha akanunua kingine ampelekee jirani aliyemringia, ajue na yeye alitoka wapi. Maneno yakavuma mpaka yakamfikia baba kwenye kiti chake.

Hakuomba kitabu. Aliniambia tu, "Hicho kitu wanachokisema watu kanisani, kimeandikwaje?" Basi nikawa namsomea mchana sebuleni, yeye akitafuna kahawa. Hii si ya kunywa. Ni buni iliyochemshwa na majani na kukaushwa, ambayo kwetu mgeni hupewa kabla hajapewa kitu kingine. Baba hakai bila hiyo mdomoni. Tulipofika kwenye ukoo wetu taya likasimama.

"Amekosea."

"Wapi, baba?"

"Kasema babu yetu alikuja na ng'ombe. Alikuja na mbwa. Ng'ombe alimpatia hapa hapa. Mwambie."

Nikaenda jikoni kumwambia. Nilidhani wifi atafadhaika. Aliangusha kisu, akafuta mikono kwenye kitenge, akachukua simu yake na kukimbilia kwenye korido iliyo nyuma ya ukuta wa sebule. Mlangoni hapo kuna pazia. Akanipa simu nikaiweke kwenye kigoda karibu na baba, mimi nikaketi kizingitini, na yeye kutoka nyuma ya pazia akaninong'oneza, "Muulize huyo mbwa alikuwa wa nini."

"Baba, anauliza huyo mbwa alikuwa wa nini."

Baba aliitazama simu. Alijua ni ya nani na inafanya nini. "Simu haina ukwe," alisema, akajiweka sawa, akaanza kunieleza mimi, binti yake, habari za mbwa wa babu mpaka kuku wakaingia bandani.

Hivyo ndivyo kipindi kilivyoanza. Wifi alisafisha sauti kwenye kompyuta aliyoazima kwa mwalimu mwenzake, akaituma mtandaoni, na watu wakaomba nyingine. Tukawa tunarekodi kila mvua inapotupa nafasi, maana ikinyesha kwenye mabati hata radi huisikii. Baba alieleza jinsi kahawa ilivyoanikwa zamani, jinsi mahari ilivyojadiliwa, jinsi migomba ya wageni ilivyoingia na ya zamani ikakatwa. Akaeleza hata ile miaka ya magendo, vijana wa rika lake walipobeba kahawa kichwani na kuivusha Uganda, na yeye akiwemo. Wazee wenzake wa kanisa walikunja nyuso. Mchungaji alicheka, akasema dhambi iliyotubiwa vizuri namna hiyo aliisikiliza mara mbili.

Baba akawa maarufu, ingawa alijifanya hajali. Watu walileta senene wa kukaanga na mikungu ya ndizi kumsalimu. Wakishaondoka aliniuliza kwa chini, "Wamesemaje kuhusu ile ya mbwa?"

Kisha akaja kijana wa kampuni ya mjini, mwenye vipaza sauti vya kubana kwenye kola. Alitaka kulea kipindi kikue, na nia yake ilikuwa njema. Ila alitaka kelele za kutafuna ziondolewe, na huyu mama wa "anauliza, anauliza" naye aondolewe, mwandishi na mzee wakae uso kwa uso. Alipoanza kusogeza viti baba alisimama, akachukua panga, akaenda kupogoa migomba. Mimi nilikuwa na maneno ya kumwambia yule kijana na nilishaanza kuyatoa, wifi akanishika mkono.

"Ukiuondoa huo ukuta," alimwambia kwa upole, "hutapata mzee anayeongea. Utapata mzee anayepogoa migomba."

Kijana alikuwa na akili. Alikubali kila kitu kibaki. Kipindi kikakua hivyo hivyo, na kutafuna kwa baba na mimi wa kizingitini, mpaka wifi akaacha ualimu, akawa anaalikwa Mwanza, Dodoma, Dar es Salaam, kuongea mbele ya watu waliosoma. Akirudi alivua viatu vya safari, akavaa kandambili zake, akauliza majani ya kufunikia ndizi yako wapi.

Kuna jambo lake moja ambalo wasikilizaji hawalijui. Kabla kitabu hakijaenda kuchapwa, hupanda bodaboda akarudi kwa kila mtu aliyemo, akamsomea alichoandika juu yake. Kule Kyerwa mjane mmoja alisikiliza ukurasa wake mpaka mwisho akasema, "Ni kweli tupu, mwanangu, lakini utoe." Ulikuwa ukurasa mzuri kuliko yote, niliusoma mwenyewe na machozi yakanitoka. Wifi aliutoa pale pale. Nilimgombeza njia nzima kurudi nyumbani, na yeye akawa anacheka tu, akisema ukurasa ule haukuwa wake.

Watu wa namna hiyo ni wachache. Aliwafanya watu wa forodha waongee, na wajane, na vijana wa bodaboda wasiokaa kimya hata sekunde lakini hawasemi kitu. Aliyemshinda ni mmoja tu, na huyo aliongea kila wiki mbele ya simu yake. Maneno yote ya baba yalipitia kwangu. Lile swali la jikoni lilikuwa bado halijajibiwa, na masikio ya baba yakaanza kufa.

Yalikufa taratibu. Nilimwambia anauliza habari za mavuno, akajibu habari za mazishi. Nikapandisha sauti mpaka jirani akawa ananijibu yeye. Tulimpeleka hospitali, akapewa kifaa cha sikioni. Kilimpigia mluzi, akakitupia kwenye droo pamoja na misumari. Vipindi vikaanza kukatika njiani. Wifi akawa anakaa nyuma ya pazia na simu mkononi, haulizi kitu.

"Akiziba kabisa, wifi," aliniambia, "ndiyo basi. Sitakuja kujua."

"Kamuulize, basi!" Nilimkaripia, kwa sababu nilikuwa na huzuni na huzuni yangu hutokea mdomoni kwa ukali.

"Mkamwana anauliza hivyo kwa mdomo gani?"



Jioni moja tukiwa tunajaribu kurekodi, mvua ikaja bila kubisha hodi. Kahawa yote ilikuwa imeanikwa uani kwenye mikeka. Kwetu hapo hakuna mwandishi wala fundi. Kila mwenye miguu anakimbia kukusanya kahawa. Tulikimbia wote, mama akiwemo. Tuliporudi ndani tumelowa, wifi akakumbuka simu yake imebaki kwenye kigoda, na taa yake nyekundu inawaka. Baba alikuwa ameshaenda kulala.

Tuliisikiliza jikoni, tukiwa tumeinama karibu na moto. Kwanza mvua na mabati. Halafu sauti ya baba, kubwa, kama wanavyosema watu wasiosikia:

"Wewe simu. Wewe si mkamwana wangu, mimi si mkwe wako, kwa hiyo hapa hakuna kilichovunjwa. Mwambie mwenye wewe aniandikie wasifu wangu, ule wa kusomwa msibani. Wanangu wataandika uongo. Watasema nilikuwa mpole. Na asingoje nife. Nataka niusikie, nione amekosea wapi."

Nilipiga makofi kwa furaha. "Haya! Jibu lako hilo hapo!"

Wifi alitikisa kichwa. Alikuwa amefurahi, ila alikuwa mtu wa kusikiliza maneno kwa makini, hata yanayomhusu. "Ametaka mwandishi, wifi. Mwandishi hutakiwa hata na mtu baki."

Aliandika. Kaka zangu walinung'unika kwamba kumwandikia mtu wasifu akiwa hai ni kumwitia kifo, na kwamba siku zote kazi hiyo hufanywa na mtu wa ukoo. Mama aliwatazama akasema, "Mwacheni aandike. Nataka na mimi kuusikia."

Usomaji ulifanyika Jumapili baada ya ibada. Sisi watoto wanne tulikuwepo, na majirani kadhaa ambao hawakualikwa na hawakosi. Baba alikaa kwenye kiti chake na kahawa yake mkononi. Wifi alikaa nyuma ya ukuta, pazia limeshushwa, na mimi kizingitini tayari kuyapeleka maneno kama kawaida. Nilipeleka sentensi mbili. Ya tatu ilikuwa ndefu, nikaifupisha kidogo, na sijui baba alijuaje, maana hata ile niliyoipiga kelele hakuwa ameisikia vizuri. Aligonga sakafu kwa fimbo.

"Wewe unapunguza. Nataka maneno yake."

Nikageuka kumtazama wifi kupitia upenyo wa pazia. Uso ulikuwa umempauka. Ili baba asikie, ilibidi apige kelele, na mkamwana hampigii mkwe wake kelele. Mama alikuwa kwenye mkeka. Alisema taratibu, "Soma, mama. Ukuta upo."

Alianza kwa sauti ya kanisani. "Sisikii!" alisema baba. Akaongeza. "Sisikii!" Mara ya tatu aliifungulia sauti yote aliyokuwa ameifungia humo ndani tangu alipokuja kwetu, kuku wakatawanyika uani, na watu wa kibanja cha pili wakaja mbio wakidhani tunapigana.

Alisoma yote. Alisoma mbwa, si ng'ombe. Alisoma magendo ya Murongo na toba yake, na jinsi baba alivyobeba mabati ya kanisa begani kutoka barabarani. Alisoma kwamba hakuwa mpole, na kaka zangu wakacheka. Halafu akasoma hivi, bila kupunguza sauti: "Aliwahi kusema neno kali juu ya watu wasio na kaburi hapa, na neno hilo hakulirudisha."

Hakuna aliyecheka. Nilimtazama baba. Taya lilikuwa limesimama. Nilijua amesikia, na niliogopa, kwa sababu namjua. Wifi naye aliacha kusoma. Nilimsikia akivuta pumzi.

"Endelea," alisema baba.

Akaendelea mpaka mwishoni, kwenye ile sehemu ambayo kila mtu anaijua. "Ameacha mjane, watoto wanne, na wajukuu."

"Watano," alisema baba.

Kaka yangu alinitazama, nikamtazama yeye, na sote tukawaza jambo moja: Murongo. Miaka yote ile ya kuvusha kahawa, nani anajua alikokuwa analala? Jirani mmoja alishaanza kumnong'oneza mwenzake. Mama aligeuza shingo polepole sana kuelekea kwenye kile kiti. Mimi hasira zilishanipanda. Nilisimama.

"Baba, watoto wako ni wanne! Sisi hapa. Huyo wa tano yuko wapi?"

Aliniona midomo tu, sidhani kama alinisikia. Aliinua fimbo akaielekeza ukutani, mahali sauti ilipokuwa inatokea, na akasema kwa Kinyambo, lugha ya nyumbani, si Kiswahili cha kipindi, wala hakunitazama mimi wala simu:

"Mwanangu, mtu anayehesabu watu anajiachaje mwenyewe? Rekebisha. Halafu usome tena."

Niliinua pazia. Wifi alikuwa ameketi sakafuni na karatasi juu ya magoti, analia bila sauti, na mkono wake unafuta neno. Alinisukuma nimpe nafasi ya kupumua. Kisha akasoma sentensi ile upya. Alipofika kwenye "watano" sauti ilimkatika katikati, ikatoka ndogo sana. Hata mimi niliyekuwa kizingitini niliipata kwa shida, na nikajiandaa kumpelekea baba kama kawaida yangu.

"Nimesikia," alisema baba, akatia kahawa nyingine mdomoni.